Sauti Iliyobaki Nyuma ya Harusi

Kwa miaka mingi nimekana kwamba kazi yangu ni kuombaomba. Mtu akiniuliza nafanya nini, humjibu kwamba mimi ni mtafiti wa picha za kumbukumbu katika filamu za makala, na kwa kuwa jibu hilo ni refu, wengi hunyamaza kwa heshima. Mama yangu huwaambia majirani kwamba niko "kwa televisheni", nao hukaa wakisubiri kuniona nikisoma habari. Ukweli ni kwamba mtu akitengeneza filamu kuhusu mambo ya zamani na hana picha za zamani, mimi hutumwa kubisha hodi kwa watu nisiowajua na kuwaomba kanda zao za harusi, mazishi na ubatizo. Nina shahada mbili, na sehemu kubwa ya siku zangu huisha nikisema "tafadhali" na "nitairudisha". Basi leo nakiri. Mimi ni ombaomba mwenye deki ya video begini.

Nyote mmeniuliza nilikuwa wapi wiki ile niliyopotea, na kwa nini nilirudi nikiwa na godoro. Nitaeleza, ila godoro mnisamehe, hilo ni mambo ya biashara na mimi huwa sijui kukataa.

Filamu yenyewe inahusu walimu waliotunga nyimbo za kwaya za shule huko magharibi. Katikati yake yuko Mwalimu Felistas Nanjala, aliyefundisha shule moja ya msingi karibu na Sirisia mwanzoni mwa miaka ya tisini. Aliugua na kufariki wakati binti yake wa pekee, Nekesa, alikuwa bado ananyonya. Zimebaki picha zake chache za karatasi. Sauti hakuna. Nekesa sasa ni muuguzi Bungoma. Alikubali kuhojiwa katika filamu, akaomba jambo moja tu.

"Mkipata sauti yake, mimi nisikie kwanza. Sijawahi kuisikia."

Nilimwambia, kwa ile sauti yangu ya kitaalamu, asitie matumaini sana. Kisha nikaenda nyumbani kutumaini kwa niaba yake.

Tulichokuwa nacho ni picha moja ya kwaya yake ikiwa jukwaani mashindanoni. Nyuma yake ilikuwa na muhuri wa studio ya Kitale, na pembeni mwa picha hiyo alionekana mwanamume mwenye kilemba, kamera kubwa ya video begani. Kama kulikuwa na kamera, kulikuwa na kanda. Kama kulikuwa na kanda, kuna mtu wa kuombwa.

Nairobi hadi Kitale

Deki ya video ni kitu kinachochukia barabara zetu. Niliifunga kwa leso mbili na shali nzito, nikaipakata ndani ya basi. Mama mmoja aliyeketi karibu nami, aliyekuwa akienda kumwona mjukuu wake, alinitazama kwa jicho baya tangu Naivasha. Tulipofika Nakuru alishindwa kuvumilia.

"Mfunue mtoto apate hewa, jameni. Na mbona halii?"

Nilifungua shali. Alichungulia.

"Ni deki?"

"Ni deki, mama."

Alinyamaza hadi Burnt Forest. Kisha akasema, akitazama nje dirishani, "Lakini inalala vizuri." Kuanzia hapo tulikuwa marafiki. Alinigawia viazi vitamu alivyokuwa amefunga kwenye kitambaa, na gurudumu la basi lilipopasuka mbele ya Eldoret, yeye ndiye aliyeipakata deki nilipokwenda kutafuta mahali pa kujisaidia. Niliporudi nilimkuta akiipigapiga mgongo. Nadhani ilikuwa mzaha.

Kitale: duka la magodoro

Studio haikuwepo tena. Mahali pake palikuwa na duka la magodoro, na katikati ya magodoro aliketi mama wa makamo ya juu, Singasinga, miwani imening'inia kifuani, akinitazama mimi na begi langu na kalamu iliyokuwa sikioni mwangu.

"Leseni iko ukutani," akasema kabla sijafungua kinywa. "Ya moto pia iko. Juzi mlikuja, leo tena?"

Ilinichukua muda kumshawishi kwamba sikutoka kanjo, kwa wale wakaguzi wa baraza la mji. Nilipomtolea ile picha alivaa miwani yake na kuisogeza kwenye mwanga wa mlango. Kwaya hakuiangalia. Aliweka kidole juu ya yule mwanamume wa pembeni.

"Baba Goldi," akasema. "Huyu alikuwa analia kila siku kamera ni nzito, mgongo inauma. Ukimwambia nikusaidie kubeba, anakataa kabisa."

Mumewe amefariki miaka mingi sasa. Jirani zake wote humwita yeye Mama Goldi, kwa jina la mwanawe wa kwanza, nami nikamwita hivyo hivyo. Hakutaka kuzungumzia kanda kabla sijala. Zililetwa chapati zilizojazwa viazi, achari ya limau iliyonitoa machozi, na chai ya tangawizi. Nilipokuwa nikipangusa macho alidhani nimeguswa na habari za mumewe, akanishika mkono. Sikuwa na moyo wa kumwambia ni pilipili.

"Kaseti niliuza," akasema mwishowe. "Katoni nzima. Mzee alikuwa hospitali, studio imefungwa, tulikuwa tunataka nafasi ya magodoro. Watu wa mashindano walikuwa wameshapata kopi zao. Mimi ningejua nini, mama?"

Ningemwambia kwamba maneno hayo nimeyasikia katika kila mji wa nchi hii. Kumbukumbu zetu hazikuchomwa na adui yeyote. Tulitaka nafasi. Hata mimi, mtaalamu, nilimpa mpita njia kanda za ubatizo wa wanangu pamoja na kabati lililozibeba, kwa sababu nilitaka mahali pa kuweka friji.

"Uliuzia nani?"

"Barasa. Wa Bungoma. Alikuwa anapiga video ya harusi." Aligeuka na kuita kuelekea stoo. "Goldi! Kesho unapeleka mali Bungoma, si ndiyo? Beba huyu mama na mtoto yake."

Mtoto alikuwa deki. Sijui habari zilimfikiaje.

Kitale hadi Bungoma, kupitia magodoro

Goldi ni mwanamume mkubwa wa miaka arobaini na kitu, kilemba cha buluu, pikapu nyeupe. Nilidhani tungefika Bungoma kabla ya chakula cha mchana. Sikujua kwamba godoro haliteremshwi tu, huzungumzwa. Pale Kamukuywa alizungumza na wateja Kibukusu kwa zaidi ya nusu saa, wakicheka huku wakinitazama, nami mwenye shahada mbili nisijue hata neno moja. Nilipomuuliza wanasema nini, alijibu, "Wanauliza kama wewe ni mke mpya. Nimewaambia wewe ni bei ghali."

Kimilili ndiko tulikokwama. Mke wa mteja mmoja alisema hanunui kitu asichokijaribu, akatandaza godoro kwenye veranda, akajilaza, na akasinzia kweli. Goldi alikohoa. Mimi nikakohoa. Mumewe akatuinulia mkono.

"Mwacheni bana. Huyu hajalala hivi tangu msimu wa kupanda."

Tulingoja. Nilikaa kwenye ukingo wa veranda nikila mahindi ya kuchemsha na kufikiria Nekesa, zamu zake za usiku hospitalini, na jinsi alivyotamka neno "kwanza". Asingependa kuisikia sauti ya mama yake kwa mara ya kwanza ukumbini, miongoni mwa watu wanaotafuna bisi. Ukifanya kazi hii muda mrefu unaanza kuona kanda kama mali ya filamu. Watu wenye mioyo ndio hukukumbusha kwamba filamu imekuja juzi tu.

Mwanamke aliamka, akasema godoro ni gumu kidogo, akalichukua. Chwele tulikuta siku ya soko na malori ya ndizi yameziba njia, na kama hamjawahi kukwama Chwele siku ya soko hamtajua ni kuku wangapi wanaweza kupita kando ya dirisha la gari lililosimama. Tuliingia Bungoma jua likielekea kuchwa.

Bungoma

Barasa anaishi nje kidogo ya mji. Kwenye mlango wa kibanda cha mbele bado yanasomeka maneno BARASA VIDEO, ingawa ndani sasa kuna maziwa na spika za kanisa. Ni mzee mchangamfu, mwembamba, na alipoona deki yangu aliivulia kofia.

"Hii ndiyo mashini! Ingia, madam, ingia. Mke wangu amepika kamaleya. Unajua kamaleya?"

Sikujua. Ni machipukizi ya mianzi kutoka Mlima Elgon, yaliyokaushwa kwa moshi na kupikwa kwa karanga. Tulikula na ugali wa wimbi, na niliongezwa mara mbili bila kuulizwa. Baada ya hapo ndipo nikauliza habari za kanda za Kitale.

"Madam, kaseti wakati huo ilikuwa dhahabu. Mimi ningenunua mpya na nini? Nilikuwa narekodi juu. Harusi juu ya mazishi, mazishi juu ya harusi." Alianza kucheka. "Kuna bibi harusi mmoja alikuwa anakata keki, halafu pap! jeneza. Walinifukuza na mbwa."

"Baba Sela, hiyo si ya kucheka," mkewe akasema, naye akicheka.

Nadhani Barasa alitarajia nikate tamaa. Badala yake nilimuuliza swali ambalo ni nusu ya taaluma yangu yote: kanda zilikuwa na urefu gani, na harusi zilikuwa na urefu gani?

"Kaseti ni ya saa tatu. Harusi, ukitoa mahubiri, masaa mawili hivi na nusu."

"Na sehemu iliyobaki mwisho?"

Alinitazama. "Ilibaki tu na vitu vya zamani. Nani atangoja mpaka huko?"

Mimi. Mimi hungoja. Watu hudhani utaalamu wetu uko kwenye mashine na majina marefu. Kwa kweli tunalipwa kwa kutozima. Harusi ikiisha na wageni wakaenda, kanda huendelea kuzunguka, na pale mkiani, mahali ambapo hakuna aliyefika kurekodi juu, mambo ya kale hukaa yakingoja mtu asiye na haraka ya kwenda kulala.

Tatizo ni kwamba kanda nyingi za Kitale Barasa alizirudia mara nyingi hadi zikaisha. Alikaa akifikiri, kofia mkononi.

"Iko moja tu ambayo nilirekodi mara moja. Harusi ya Malakisi, ya Wekesa. Kamera yangu ya pili iliharibika, sikuweza kutoa kopi. Nikawapatia kaseti yenyewe."

"Na kabla ya harusi ilikuwa na nini?"

"Watoto wa shule, wanaimba. Sikuangalia sana. Nilikuwa naangalia kama ni safi."

Malakisi

Niliondoka asubuhi kwa bodaboda kupitia Sirisia, deki mgongoni kwa leso, na mara hii nilikubali tu kuamkiwa kama mama wa mtoto. Wekesa na mkewe, Mama Sifa, wana shamba nje ya mji wa Malakisi. Walikuwa wakulima wa tumbaku. Siku hizi wanapanda mahindi na maharagwe, na banda la kukaushia tumbaku limekuwa nyumba ya ng'ombe. Barasa alikuwa amewapigia simu, lakini ujumbe uliofika ulikuwa kwamba madam anakuja kuwaonyesha harusi yao.

Hawakuwa wameiona kwa miaka mingi. Deki yao iliharibika zamani na hakuna fundi aliyeiweza. Kanda ilikaa ndani ya sanduku la bati pamoja na gauni la harusi na vidonge vya nondo. Niliposhuka kwenye pikipiki niliwakuta wakinisubiri uani, Wekesa kavaa koti la suti, Mama Sifa kasuka nywele upya, na nyuma yao kundi la majirani wakiwa na viti vyao vya plastiki.

Nilieleza kwa upole kwamba mimi nilihitaji mwisho tu wa kanda.

"Mwisho?" Mama Sifa akasema. "Madam, harusi inaanzia kanisani. Wewe unataka kuingilia jikoni kama paka?"

Watu walicheka, nami nikaomba kanda. Niliikagua kanda. Ilikuwa na ukungu kidogo ukingoni, nikaufuta polepole kwa pamba. Niliwaambia wazi kwamba kanda ya umri ule inaweza kukatika, kwamba huenda tungeichezesha mara hii moja tu, na kwamba kompyuta yangu ingehifadhi kila kitu kuanzia mwanzo, harusi yao pamoja na chochote kilicho nyuma yake. Kwa kweli kanda iliyolala muda mrefu haipendi kukimbizwa. Njia salama ilikuwa ile ile aliyoitaka Mama Sifa, kuanzia kanisani, mwendo wa kawaida.

Basi tulijazana sebuleni, nami nikahudhuria harusi. Vijana wembamba waliruka kwenye skrini, na watu wazito waliokaa kwenye viti vya plastiki wakajitambua kwa makelele.

"Wekesa, ulikuwa na kiuno!"

"Kilienda wapi?"

"Muulize aliyekila," akajibu, na Mama Sifa akampiga kofi la bega.

Kisha alitokea mzee mmoja akimshika bibi harusi mkono kuelekea madhabahuni. Alikuwa baba yake Mama Sifa, aliyefariki muda mfupi baadaye. Mama Sifa alisogeza kiti chake hadi karibu na skrini.

"Kumbe alikuwa mrefu hivyo," akasema. "Mimi nilikuwa nimeshaanza kumkumbuka mfupi."

Hapo ndipo stima ilipotea. Deki ilizimika kanda ikiwa tumboni mwake. Kanda ikibaki imenyooshwa ndani hivyo, ni rahisi kukunjika. Watu waliniambia nitulie, huku stima ni hivyo. Alichinjwa kuku. Tulikula, tukanywa chai, wakanisimulia bei za tumbaku za zamani, na mimi nikawa naitikia "enhe" huku nikiitazama deki kama mtu anayengoja nje ya chumba cha upasuaji. Stima iliporudi nilibonyeza kitufe nikiwa nimefumba macho. Mzee aliendelea kumpeleka binti yake madhabahuni pale alipoachia.

Msafara wa magari uliondoka kanisani, skrini ikajaa chenga, na watu wakaanza kubeba viti vyao.

"Ngojeni kidogo," nikasema. "Tafadhali."

Chenga ziliendelea. Mtu alipiga miayo. Halafu picha ikaruka, ikatulia, na ukumbi ukatokea: safu za watoto waliovaa sare ya kijani kibichi, na mbele yao mwanamke wa gauni la buluu, ameipa kamera mgongo. Mwalimu wa kwaya huwatazama waimbaji wake. Katika masaa yote niliyoiwazia picha hiyo, mimi mtaalamu, sikuwa nimefikiria kwamba nikimpata nitampata kisogo.

Aliinua mkono. Hakuwa na filimbi ya kutolea sauti kama walimu wengine. Aliwapa sauti kwa kinywa chake, "hmm" ya katikati, kisha "hmm" ya juu, kisha ya chini. Mkono ukashuka. Watoto wakaimba mstari mmoja na nusu, na kanda ikafika mwisho ikajirudisha yenyewe kwa kishindo.

Kisha jirani mmoja, mama aliyekuwa tayari mlangoni na kiti chake kichwani, akasema, "Yule wa mbele, mwenye mwanya. Si ni Nafula? Tulikuwa tunachota maji naye Sirisia."

"Nafula gani?"

"Aliolewa Bumula. Anauza nafaka. Ati hata leo akicheka ni huo mwanya unaona kwanza."

"Na mwalimu? Mnamjua?"

Walitazamana. Wao hawakusoma shule ile. Mgongo ule haukuwa wa mtu yeyote wanayemfahamu.

Bungoma tena

Nilimpigia mwelekezi wa filamu, Otieno, ambaye ni kijana mwenye kipaji na asiye na subira, mambo ambayo huja pamoja.

"Umempata!" akapiga kelele. "Auntie, wewe ni mchawi."

"Nimepata mgongo, Otieno. Shule ni ya mkoa ule, miaka ni ile, sare inafanana na ile ya kwenye picha. Lakini shule kadhaa zilivaa kijani. Sijui kama ni yeye."

"Mgongo ni mgongo. Nani atajua?"

"Nekesa."

"Nekesa mwenyewe hamjui!"

Ndiyo, na hilo ndilo lilinitisha. Tukimwekea pale mgongo wa mwalimu mwingine, ataubeba maisha yake yote kama mama yake, na sisi tutakuwa tumempa kwa sababu Ijumaa mhariri alikuwa anafunga picha, filamu isiguswe tena. Nilimwambia Otieno angoje. Aliniambia Ijumaa haingoji. Tukaagana kwa adabu ya watu waliokasirikiana.

Nilikutana na Nekesa kwenye kantini ya hospitali alipomaliza zamu. Ni mwanamke mrefu, mtaratibu, mwenye kunawa mikono hata kabla ya kugusa kikombe. Nilimweleza kila kitu kabla ya kufungua kompyuta: kwamba huenda ni yeye, huenda siye. Alitazama mara moja. Akatazama tena. Aliweka vidole kwenye skrini, juu ya mabega ya yule mwanamke, kama anavyompima mgonjwa.

"Ni yeye?" akaniuliza.

"Sijui, Nekesa."

"Na mimi nitajuaje?" Alifunga kompyuta yeye mwenyewe, polepole. "Dada, mtu anafaa kumjua mama yake hata kwa kisogo. Mimi naangalia na sisikii kitu. Kama si yeye, nisije nikalilia mgongo wa mtu mwingine."

"Basi bado usilie. Kuna mtu aliyekuwa anamtazama usoni."

Bumula nilikwenda siku hiyo hiyo. Duka la nafaka la Nafula lilikuwa limefungwa. Muuza nyanya wa mlango wa pili aliniambia Mama Brayo, yaani huyo Nafula, amekwenda matangani kwa dada yake upande wa Busia, na simu yake haingii kwa sababu iko kwa fundi. Nilimwachia muuza nyanya nambari yangu na maelezo marefu. Alisikiliza kwa makini sana, akitazama deki. Halafu nilipanda basi la Nairobi nikiwa na godoro nililopewa na Goldi kwa bei ya rafiki, na mgongo wa mwanamke nisiyemjua ndani ya kompyuta.

Njiani nilitafuta maneno ya kumwambia Otieno kwamba hatutauweka. Nilikuwa nayo mazuri kabisa kufikia Gilgil. Yote yalihusu uaminifu wa taaluma, na hakuna hata moja lililomsaidia Nekesa.

Nyumbani

Simu ililia Ijumaa asubuhi nikipiga pasi. Nambari ngeni.

"Ni wewe yule mwanamke wa Nairobi?" Sauti kavu, ya mtu aliyejiandaa kwa shari. "Nimeambiwa unanitafuta na mashini. Kwani nimefanya nini?"

Nilizima pasi. Niliomba radhi, nikajieleza, nikamwambia kuhusu harusi ya Malakisi na yaliyokuwa nyuma yake. Nilipotaja kwaya alisema tu, "Eh," na nilipomuuliza kama simu yake inaweza kupokea video alicheka kwa mara ya kwanza.

"Hii yangu ni kabambe ya vitufe, mama. Ni ya kuongea tu na tochi."

"Basi utasikia. Lakini nikuombe kitu. Binti ya Mwalimu Nanjala yuko. Naweza kumuunganisha asikie pamoja nasi?"

"Ule mtoto? Yuko hai?" Akavuta pumzi. "Muunganishe. Muunganishe haraka."

Nekesa alishika simu mlio wa kwanza. Nilimwambia nani yuko upande wa pili. Alisema, "Shikamoo, mama," na Nafula akasema, "Marahaba, mtoto wangu," kisha wote wawili wakaningoja mimi. Niliweka simu mezani karibu na spika ya kompyuta na kubonyeza.

Hmm ya katikati. Hmm ya juu. Hmm ya chini.

Kabla watoto hawajaanza nilisimamisha, ili nimuulize Nafula kama anaitambua sauti ile. Sikupata nafasi. Kutoka Bumula, kwenye simu ya kabambe, mwanamke mwenye miaka arobaini na kitu aliingia wimboni. Hakuimba ule mstari wa juu niliokuwa nimeukariri. Aliimba wa chini yake, sauti ya pili, ya watu ambao hakuna anayewasikia wakikosekana hadi wakosekane. Aliimba mstari mzima hadi akaishiwa pumzi.

"Walimu wengine wote walikuwa wanaanza kupatia sauti wale wa kwanza," akasema, na sasa sauti yake haikuwa kavu. "Huyu alikuwa anaanza na sisi wa katikati, sauti ya pili. Ati hao wa kwanza wanajipenda, wacha wangoje. Halafu anakukazia macho hadi ushike. Mtoto, unanisikia?"

Nafula akarudia, kwa sauti ya juu zaidi.

"Nekesa, unanisikia? Huyo ni mamako."

Nilisikia kiti kikivutwa, mlango ukifungwa, makelele ya wodi yakififia. Nilisikia akipumua. Nilifikiri amekata.

"Dada," Nekesa akasema mwishowe, "rudisha nyuma kidogo. Aanze tena."